Kwa Nini Uji wa Oti Hufurika Kwenye Maikrowevu

Pakiti nyingi za oti za kupika haraka huahidi kifungua kinywa kwa dakika mbili. Ahadi yenyewe ni ya kweli, ila imepigiwa hesabu kwa bakuli pana, si kwa kikombe cha chai ambacho mpangaji wa bedsita ya Ngara, Nairobi, hukichukua asubuhi kwa kuwa ndicho kilicho karibu. Matokeo yanajulikana: kikombe kimebaki nusu, ile sahani ya kioo inayozunguka imelowa ute, na saa ya kutoka imefika.

Nusu kikombe cha oti ni kama gramu 40, na hunywa mililita 240 hivi za maji au maziwa. Kuyachemsha hayo kutoka nyuzi 20, mashine ya wati 700 huchukua karibu dakika mbili. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, kwa hiyo maji yetu huchemka kwenye nyuzi 94 au 95, hayafiki 100. Kwa maharagwe ya githeri hilo ni balaa. Kwa oti si kitu, maana wanga wake huvimba na kushikana kabla ya nyuzi 70, tena punje zenyewe zilikwisha kupitishwa kwenye mvuke kiwandani kabla ya kubanwa zikawa bapa. Uji wa wimbi ndio usiofua dafu kwenye maikrowevu: unga wake ni mbichi, hutuama chini, na asipokuwapo wa kuukoroga mfululizo hugeuka mabonge.

Taabu ya oti ni povu. Wanga pamoja na ule ute wake, beta-glukani, huingia majini na kuzungushia kila kiputo utando mzito. Kiputo cha maji matupu hupasuka kikifika juu. Cha uji hubebana na wenzake, na rundo zima hupanda ukingoni kwa sekunde chache. Protini za maziwa huuimarisha utando huo, ndiyo sababu uji wa maziwa hufurika upesi kuliko wa maji.

Kwenye meko ungepunguza moto ukakoroga. Maikrowevu nyingi za bei nafuu hazina cha kupunguza: ukiziweka nusu nguvu, huwasha mawimbi yale yale makali kisha huyazima, kwa zamu. Wengi hawakigusi kabisa kitufe cha nguvu, na dawa iko hapo hapo. Mawimbi yakizimwa povu hushuka, na joto lililojaa pembeni hupata nafasi ya kufika katikati.

Basi chukua bakuli la kioo au kauri la ujazo wa lita moja, hata kama uji ni robo yake. Dakika moja na nusu kwa nguvu zote, uji ukiwa bado haujachemka, koroga, dakika mbili kwa nusu nguvu, uache utulie dakika moja. Umepita muda wa pakiti, lakini huna cha kupanguza. Mashine ya aina hii huvuta kama wati 1,100 ukutani, hivyo uniti moja ya umeme wa tokeni hutoa mabakuli 20 hivi.

Kikombe cha enameli kisahau, ndani yake ni chuma na kitatoa cheche. Mabakuli ya melamini nayo, tunayoyapenda kwa kuwa hayavunjiki, hufyonza mawimbi yakapata moto kuliko uji. Hayakutengenezewa kazi hiyo.

Matunda yana saa zake. Ndizi iliyoiva hadi ikapata madoa meusi, ile ambayo mkokoteni wa jioni huiachilia kwa bei ya kutupa, iponde na oti tangu mwanzo; sukari haitahitajika. Embe likatwe vipande na kutiwa mwisho, lisije likalegea. Pasheni lina asidi ya kukatisha maziwa, kwa hiyo lingoje uji upoe kidogo. Nanasi bichi lina kimeng'enya kinachomeng'enya protini za maziwa na kuacha uchungu, ila kikichemshwa hufa: pasha vipande vyake peke yake kwanza. Cha papai ni sugu zaidi, hustahimili joto. Uji wa papai upike kwa maji matupu, maziwa uyatie kwenye chai.