Tromboni ya Mwalimu: Juu ya Muziki wa Vince Guaraldi

Muziki wa filamu za watoto aghalabu huhesabiwa kuwa kijakazi wa picha: mtu akikimbia, fidla hukimbia, akianguka, ngoma huanguka naye. Vince Guaraldi, mpiga piano wa jazi aliyezaliwa San Francisco mwaka 1928, aliukataa ujakazi huo. Hiyo ndiyo sababu anastahili kuhakikiwa hata na sisi watu wa lugha.

Alipoitwa na mtayarishaji Lee Mendelson atunge muziki wa katuni za Charles Schulz, hakuushusha ufundi wake kwa kuwa wasikilizaji ni wadogo. Katika kipindi cha Krismasi kilichoonyeshwa Marekani tarehe 9 Desemba 1965, piano, besi na ngoma zapiga jazi ile ile ya vilabuni, jambo ambalo wakubwa wa televisheni hawakulipenda. Wimbo wa mwanzo waimbwa na watoto wa kanisa moja la San Rafael, huku katuni zikiteleza juu ya barafu. Picha yasema furaha, muziki wasononeka. Charlie Brown hajanena neno, nasi twajua yaliyomo moyoni mwake.

Lakini kilele, kwa maoni yangu, ni kipindi cha mwaka 1967, You're in Love, Charlie Brown. Mwalimu asema darasani, na tusikiacho ni tromboni. Maneno yameondolewa, kikabaki kiimbo peke yake. Mtoto ajibu, nasi twalikisia swali kutokana na jibu. Wanafunzi wetu wa isimu, ambao hudhani kiimbo ni pambo tu la sentensi, yafaa wasikilizishwe sehemu hiyo kabla ya mhadhara wowote. Tena mna dhihaka: mwenye mamlaka yote ya kusema ndiye asiyefahamika.

Kasoro zipo. Kibao cha "Linus and Lucy", chenye mkono wa kushoto usiochoka, kilirudiwa mno, na kinanda cha umeme alichokipenda miaka ya 1970 hakina upole wa piano yake.

Guaraldi alifariki tarehe 6 Februari 1976, akiwa na miaka 47, alipokuwa akipumzika katikati ya onyesho huko Menlo Park. Katika filamu ya The Peanuts Movie ya mwaka 2015, watu wazima walisemewa na tromboni ya Trombone Shorty wa New Orleans.