Sauti ya Shahidi na Mkono wa Mtayarishi: Tahakiki ya Filamu ya Shoah

Claude Lanzmann alianza kuitayarisha filamu yake Shoah mwaka wa 1974, na ikaonyeshwa kwa mara ya kwanza mwaka wa 1985. Kwa zaidi ya saa tisa, filamu hii ya hali halisi inashughulikia mauaji ya Wayahudi wa Ulaya wakati wa Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, bila kutumia picha za filamu zilizopigwa enzi za vita. Mzigo wote umeachiwa wasimulizi: walionusurika, waliotenda na waliotazama.

Ni rahisi basi kudhani kwamba ushuhuda wa aina hii ni ukweli usioguswa na mkono wa msanii. Dhana hiyo haina mashiko. Mwanafunzi wa fasihi simulizi anafahamu kwamba usimulizi ni utendaji, na kwamba mahali, hadhira na swali ni sehemu ya matini.

Tuchukue mfano wa Abraham Bomba, aliyelazimishwa kuwanyoa wanawake katika kambi ya Treblinka kabla hawajauawa kwa gesi. Wakati wa kuhojiwa alikuwa amekwisha kustaafu. Lanzmann alikodi duka la kinyozi nchini Israeli, akamtia mkasi mkononi na mteja mbele yake. Bomba anasimulia kwa sauti kavu hadi anapofikia kisa cha mwenzake aliyewaona mkewe na dadake wakiingizwa mle. Hapo ananyamaza. Anaomba asiendelee, naye Lanzmann anamsihi aendelee.

Je, hii ni haki? Kwa maoni yetu, kosa kubwa zaidi lingekuwa kuifuta sauti ya mwulizaji na kuufupisha ule ukimya. Tungebaki na machozi yaliyokatwa chanzo chake. Lanzmann ameuacha mkono wake uonekane, hivyo mtazamaji anaweza kumhukumu. Aidha, ameziacha sauti za wakalimani pale asipoijua lugha ya mhojiwa, kama vile Kipolandi. Tunamsikia shahidi kwanza, kisha mfasiri wake, na tunaliona pengo lililo baina yao.

Hata hivyo, uwazi peke yake haumalizi deni. Lanzmann alimrekodi Franz Suchomel, aliyekuwa mlinzi wa Treblinka, kwa kamera ya siri, na akalitumia jina lake licha ya kumwahidi kulificha. Hila hiyo imeonyeshwa wazi. Yamkini tutaisamehe kwa mtenda maovu; lakini Bomba hakuwa na hatia, na uchungu wake hauwi mali ya mtayarishi kwa sababu tu umeonyeshwa bila kufichwa.

Suala hili linatuhusu. Wazee wetu walioyaona mateso ya Hali ya Hatari ya 1952 hadi 1960 wamekuwa wakihojiwa, hasa kutokana na kesi iliyoifanya Uingereza, mwaka wa 2013, ikubali kuwafidia Wakenya 5,228. Anayewarekodi na ahifadhi swali pamoja na jibu, lugha ya mzee pamoja na tafsiri, ukimya pamoja na neno. Na kabla ya kuiwasha kamera, akubaliane na mzee juu ya mahali ambapo swali litakoma.