Wiki Yenye Tano Mbili

Ukifungua riwaya ya fantasia siku hizi, kurasa za kwanza unazijua tayari. Ramani. Orodha ya koo za kifalme. Halafu, kama mwandishi amejituma kweli kweli, kalenda: Mwezi wa Moto, Mwezi wa Mbwamwitu, Mwezi wa Umande, kumi na miwili kwa jumla, kila mmoja siku 30. Ukikwaruza rangi kidogo unakuta ni Januari hadi Desemba zimevalishwa kanzu. Inapendeza, sikatai. Shida ni kwamba ndani ya hadithi hakuna mtu anayefunga, anayedaiwa wala anayechelewa kwa sababu ya kalenda hiyo. Imetundikwa tu ukutani kama ile ya duka la nyama.

Bingwa wa mchezo huu bado ni Tolkien. Mwishoni mwa juzuu ya tatu ya The Lord of the Rings, iliyotoka 1955, kuna nyongeza nzima kuhusu kalenda. Mahobbit wa Shire wana miezi 12 ya siku 30, halafu siku tano za ziada zinazokaa nje ya miezi: mbili za Yule, tatu za katikati ya mwaka. Kisha wakaongeza ujanja. Siku moja ya katikati ya mwaka haihesabiwi kwenye wiki, kwa hivyo zinabaki siku 364, yaani wiki 52 kamili, na kila tarehe inaangukia siku ile ile mwaka nenda mwaka rudi. Ukizaliwa Jumanne, bathidei yako ni Jumanne hadi uzeeke.

Wasomaji wengi huruka kurasa hizo wakidhani ni hesabu za profesa asiye na kazi. Mimi nazisoma kama maelezo ya wahusika. Watu wanaopenda bustani, nasaba na kula mara sita kwa siku wangepanga mwaka wao hivyo hivyo. Tena kuna jambo ambalo Tolkien analipitisha kimyakimya: Pete inaangamizwa tarehe 25 Machi. Yeye alikuwa Mkatoliki, na 25 Machi ni sikukuu ya Bikira Maria kupashwa habari, siku ambayo Uingereza iliihesabu kuwa mwanzo wa mwaka hadi karne ya 18. Imani yake yote ameificha ndani ya tarehe moja.

Hata hivyo nina neno naye. Kalenda ya Shire imenyooka mno. Linganisha na wiki yetu, hii ambayo tunaitamka kila siku bila kuisikiliza. Jumamosi ni ya kwanza, Jumapili ya pili, na kuendelea hadi Jumatano, ya tano. Halafu inakuja Alhamisi, neno la Kiarabu ambalo maana yake ni... ya tano. Waarabu wanaanza kuhesabu Jumapili, Waswahili wanaanza Jumamosi baada ya Ijumaa, na hesabu zote mbili zikaachwa zikae pamoja. Wiki yetu ina tano mbili na haina sita. Mwandishi wa fantasia akileta kitu kama hicho, mhariri atamrudishia na alama nyekundu. Lakini ndani ya kosa hilo kuna bandari, jahazi, ndoa, na dini iliyofika pwani na kukuta watu tayari wanahesabu.

Na huko pwani utajiri haujaisha. Miezi ya Kiislamu ina majina yake ya Kiswahili: Ramadhani ikiisha, inafuata Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, hadi Mfunguo Tisa, kisha Rajabu, Shaabani, na Ramadhani tena. Robo tatu ya mwaka inahesabiwa kutoka siku ile watu walipofungua. Huhitaji aya tatu za kueleza jamii hiyo inaamini nini. Kando yake kulikuwa na mwaka wa jua, wa Nairuzi, jina lenye asili ya Uajemi: siku 365, zimegawanywa kwa makumi yanayoitwa miongo, 36 kwa jumla, na tano za kubakia. Ndiyo, 360 na tano, kama Shire. Ila huu ulikuwa wa wakulima na mabaharia, wa kujua upepo na mvua. Kule Makunduchi, Unguja, Mwaka Kogwa bado unasherehekewa kila Julai, wanaume wakichapana kwa vigogo vya migomba na kibanda kikichomwa moto.

Kitu kingine ambacho kalenda za kubuni hukwepa ni mamlaka. George R. R. Martin hakukwepa: kule Westeros miaka inahesabiwa kutoka ushindi wa Aegon, kwa hivyo hata mtoto wa ukoo ulioshindwa akitaja umri wake anamtaja mshindi. Sisi tunalijua hilo bila mazimwi. Tarehe 20 Oktoba ilikuwa Siku ya Kenyatta hadi Katiba ya 2010 ilipoifanya ya Mashujaa. Tarehe 10 Oktoba imekuwa ya Moi, ikawa ya Utamaduni, na tangu 2024 ni ya Mazingira. Jua ni lile lile, jina linabadilika na mwenye nchi.

Lakini wenye nchi hawatungi kalenda yote. Nani alipitisha Njaanuari bungeni? Hakuna. Ni watu walioshindwa na karo na kodi wakaubatiza mwezi upya. Mimi niliacha chuo kwa sababu ya tarehe moja, ya mwisho wa kulipa karo, na sasa naandika kwa vipande nikilipwa siku 30 baada ya kazi kuchapishwa, wakikumbuka. Hapa Muthangari mwezi wangu hauanzi tarehe moja. Unaanza simu ikilia M-Pesa. Jirani yangu aliyeajiriwa anaishi mwezi mwingine kabisa, ukuta mmoja katikati yetu.

Ndiyo maana nawaomba wenzangu mnaoandika falme zenu usiku: kabla ya kuupa mwezi jina tamu, amua kodi inalipwa lini, nani anafunga, nani aliyatunga majina haya, na watumwa wanayaita nini wakiwa peke yao. Weka tano mbili kwenye wiki, halafu mwache mhusika mmoja akose jahazi kwa sababu yeye alihesabu ya kwanza na nahodha akahesabu ya pili. Hiyo ni sura nzima tayari, na mimi nitaisoma.