Anayesikiliza Kabla ya Kujibu

Maji ya mto Ndembera yakishafungwa mashambani na mpunga ukauzwa, vibanda umiza vya kuonyeshea filamu hapa Madibira hujaa kila jioni, na anayetajwa kwa jina ni stelingi. Mimi humngoja Bi Mwenda.

Jina lake ni Fatuma Makongoro. Alianza kujulikana na kundi la maigizo la Kaole, enzi zile tunawangoja kwenye runinga ya ITV, akaendelea kwenye filamu ziliposhamiri baada ya Girlfriend ya mwaka 2003. Amekuwa mama, mama mkwe, bibi wa kijijini, na mara nyingi sana mchawi.

Filamu nyingi za kipindi kile zilirekodiwa kwa siku chache, kwenye nyumba ya kuazima, waigizaji wakielezwa kisa na kuachiwa wajitungie maneno. Hapo ndipo mtu hujulikana. Kijana akiishiwa la kusema hupaza sauti, au hulia. Bi Mwenda hana pupa. Macho anayatuliza kwa mwenzake mpaka amalize, anaiweka khanga vizuri begani, ndipo anajibu. Na kwa kuwa amesikiliza kweli, jibu linamfikia aliyesema, halipotelei kwenye kamera.

Uchawi umechezwa sana kwetu kwa kaniki, vicheko na macho ya kutumbua. Hayo yote anayaweza. Kinachonivutia zaidi ni pale anapouficha ndani ya adabu: shikamoo inaitikiwa vizuri, mgeni anakaribishwa, sauti inabaki ya bibi yeyote tunayemjua, na kibanda kizima kinanyamaza kwa hofu. Kumtisha mtu bila kupandisha sauti ni kazi ya mwigizaji aliyekomaa, na naisema hivyo nikiwa nimewaona wengi walioshindwa.

Mwingine ninayemweka karibu naye ni Profesa Amandina Lihamba, ingawa wametoka njia mbalimbali. Huyu amefundisha sanaa za maonyesho Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Katika Maangamizi ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, filamu ambayo Tanzania iliiwasilisha kwenye tuzo za Oscar mwaka 2001, alicheza Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili ambaye hajatamka neno kwa miaka 20. Kanyang'anywa maneno, kabakiwa na uso. Nao uso unatosha, kwa sababu kila anachoambiwa tunakiona kikiingia.

Bi Mwenda hakupewa nafasi ya namna hiyo, na naona tumempunja. Amepewa dakika chache hapa, dakika chache pale, akazijaza. Ukitaka kupima uzito wake, tazama sehemu asizokuwepo katika filamu yoyote aliyocheza: binti aliyekuwa akijibizana naye vizuri, akaaminika kabisa kuwa mkwe aliyebanwa, akipewa mtu mwingine anarudi kukariri kama anaongea na ukuta.