Pongezi kwa Mwalimu wa Hesabu wa Garsen

Mwalimu wa hesabu wa Garsen, Kenya, hufundisha kwa vilivyopo: punje za mahindi za kuhesabia, kijiti cha kuchorea duara mchangani, mifano ya ng'ombe wa Waorma na mashamba ya mpunga ya Wapokomo. Mto Tana ukifurika na njia kukatika, masomo husimama. Maji yakipungua, huanza pale pale alipoachia. Hongera sana, mwalimu.

Kazi kama yako ndiyo iliyomlea Profesa George Saitoti. Alipata shahada ya uzamivu ya hisabati Chuo Kikuu cha Warwick, Uingereza, mwaka 1972, akafundisha Chuo Kikuu cha Nairobi, na mwaka 1983 akawa Waziri wa Fedha, kisha Makamu wa Rais. Mwaka 2003, alipokuwa Waziri wa Elimu, ada za shule za msingi zilifutwa, na zaidi ya watoto milioni moja wakaongezeka madarasani kote nchini. Alifariki katika ajali ya helikopta tarehe 10 Juni 2012.

Chanda chema huvikwa pete. Anayemfundisha mtoto wa Tana kugawanya sawasawa, amemfundisha pia kugawana maji na malisho kwa haki.