Magoti ya Mzee, Uso wa Kijana: Vipodozi vya Kidijitali katika The Irishman

Wahenga walisema ujana ni moshi, ukienda haurudi. Sisi wanafunzi wa Kiswahili tumeinukuu methali hii katika insha nyingi, mara nyingi bila kuitilia shaka. Mwaka 2019 Martin Scorsese alitoa filamu ya The Irishman, na ndani yake Robert De Niro, aliyezaliwa mwaka 1943, anaonekana kwa muda mrefu akiwa na uso wa mwanamume ambaye hajafika hata makamo, ilhali alipoigiza alikuwa ameshapita miaka 70. Kwa kutazama tu, moshi ulikuwa umerudi. Katika insha hii ninauliza kilichorudi ni nini hasa. Ninadai kwamba kompyuta inaweza kufuta uzee usoni, lakini kufuta uzee si sawa na kurudisha ujana. Na kwamba The Irishman ni filamu nzuri kwa sababu, pengine bila kukusudia, inatuonyesha tofauti hiyo.

Tuanze na ufundi wenyewe. Ilikuwa desturi kwamba mwigizaji ambaye uso wake ungebadilishwa na kompyuta atiwe vidoto usoni au avalishwe kofia yenye kamera ndogo mbele ya macho. Scorsese hakutaka waigizaji wake wafanye kazi wakiwa wamefungwa vifaa hivyo. Wataalamu wa kampuni ya Industrial Light & Magic, wakiongozwa na Pablo Helman, wakabuni mtambo wa kamera tatu. Kamera ya katikati ilirekodi filamu yenyewe, na mbili za pembeni zilinasa mwanga usioonekana kwa macho ya binadamu, ili kompyuta ilijue umbo la uso bila kupotoshwa na vivuli. Kisha programu ikaujenga upya uso wa De Niro, wa Al Pacino na wa Joe Pesci, fremu kwa fremu, ikisaidiwa na picha za filamu walizoigiza zamani. Kwa hiyo vipodozi vya kidijitali si rangi inayopakwa juu ya ngozi. Ni uso wa pili unaojengwa juu ya mwendo wa uso wa kwanza.

Filamu hii niliitazama mara ya kwanza Bwera, katika kibanda cha video kisicho mbali na barabara iendayo Mpondwe. Ni filamu ya karibu saa tatu na nusu, na siku hiyo haikuwa na sauti ya VJ, yule mfasiri ambaye katika vibanda vya Uganda hutusimulia filamu huku akitia utani wake. Vijana waliokuja kutafuta mapigano walianza kutoka kabla saa ya kwanza haijaisha. Tulibaki wachache. Kando yangu alikaa mzee mmoja aliyewahi kuwa mchukuzi wa magunia mpakani, kati ya Mpondwe na Kasindi, kuvuka mto Lubiriha. Hakujua Kiingereza wala hakujua De Niro ni nani. Ikafika sehemu ambayo Frank Sheeran, anayeigizwa na De Niro, anamburuta mwenye duka hadi nje na kumpiga mateke kwa sababu alimsukuma binti yake. Yule mzee akanigusa bega, akasema kwa Kiswahili cha mpakani: "Uyu ni muzee. Angalia magoti."

Nilicheka. Baadaye nikagundua kwamba wahakiki wengi wa filamu hii walikuwa wameandika jambo hilohilo. Uso katika sehemu ile ni wa baba kijana mwenye hasira. Lakini mguu unapanda kwa tahadhari, teke halina uzito, na mwili unatafuta mahali pa kujishikilia. Wahakiki waliliona jambo hili kuwa kasoro ya kiufundi. Yule mchukuzi hakuliona kuwa kasoro. Aliona mtu anayemjua. Aliyebeba magunia kwa miaka mingi hahitaji kuambiwa kwamba umri huanzia magotini kabla haujapanda usoni.

Inafaa kukumbuka kwamba sinema iliwahi kulitatua tatizo hili bila kompyuta, na De Niro mwenyewe alikuwamo. Katika The Godfather ya mwaka 1972, Marlon Brando, ambaye hakuwa hata na miaka 50, alizeeshwa kwa vipodozi vya kawaida ili awe Vito Corleone. Miaka miwili baadaye, katika The Godfather Part II, De Niro akamwigiza Vito yuleyule akiwa kijana. Sura zao hazifanani sana. Kinachowaunganisha ni sauti ya kukwaruza, utulivu wa mikono na namna ya kusikiliza kabla ya kujibu. Mtazamaji aliombwa akubali kwamba hawa wawili ni mtu mmoja, naye akakubali, kama anavyokubali jukwaani kwamba fimbo ni bunduki. De Niro alipata tuzo ya Oscar kwa kazi hiyo. Mbinu ile ilimpa mhusika kijana mwili wa kijana. Ya mwaka 2019 ilimpa mhusika kijana uso peke yake.

Kuna jambo jingine ambalo sikuliona hadi nilipoitazama filamu mara ya pili. Vipodozi vya kidijitali havikugawiwa kwa usawa. Wanaume watatu wakuu wanarudishiwa ujana wao. Peggy, binti ya Frank, hapewi teknolojia hiyo: utotoni anaigizwa na Lucy Gallina na ukubwani na Anna Paquin, kwa mbinu ya zamani ya kubadilisha mwigizaji. Mtu anaweza kusema ni suala la gharama, au kwamba hakuna programu inayoweza kumfanya mwanamke mzima awe mtoto. Hata hivyo, matokeo yake kisanaa ni makubwa. Peggy ndiye anayemtazama baba yake akimkanyaga mwenye duka mkono. Ndiye anayeacha kuzungumza naye. Katika filamu iliyojaa nyuso zilizojengwa, macho yanayotoa hukumu yamo katika nyuso ambazo hazikuguswa. Mtoto anakua kweli, wanaume wanasahihishwa.

Je, magoti ya Frank ni kosa tu? Hapa ninatofautiana na wale waliocheka, nikiwamo mimi mwenyewe siku ile kibandani. Tukumbuke nani anasimulia. Filamu inaanza katika makao ya wazee, na Frank aliyechakaa, kwenye kiti cha magurudumu, anayaeleza maisha yake. Kila tunachokiona ni kumbukumbu yake. Mzee anapokumbuka ugomvi wa ujanani, hujiona na uso wa wakati ule, lakini mwili anaokumbukia ni huu alio nao leo. Nikiisoma filamu hivi, uso laini juu ya magoti mazito unakuwa taswira ya kumbukumbu yenyewe, ambayo hufuta inachotaka na kuacha isichoweza kukifuta. Sidai kwamba Scorsese alipanga hivyo. Ninadai kwamba usimulizi wa filamu unaubeba udhaifu wa teknolojia na kuupa maana. Mtu akiikosa fremu hiyo ya usimulizi, anabaki na uso wa uongo peke yake. Jambo hilo nililijua si katika sinema bali nyumbani.

Babu yangu alifanya kazi katika machimbo ya shaba ya Kilembe, juu ya mji wa Kasese. Alipofariki, hatukuwa na picha yake ya ujanani hata moja. Tulikuwa na picha ya uzeeni tu, ndogo, na juu ya nyusi ya kushoto linaonekana kovu refu. Tulipojiandaa kwa ibada ya kumbukumbu, binamu yangu aliipeleka picha hiyo kwenye studio moja mjini Kasese ili ikuzwe na kusafishwa. Mwenye studio akamwonyesha kwamba kompyuta yake inaweza pia kumrudisha marehemu ujanani. Binamu yangu alifurahi, nasi sote tulifurahi picha ilipofika Bwera ikiwa ndani ya fremu: kijana wa miaka kama 30, ngozi nyororo, macho ya babu kabisa. Wajomba walipiga makofi.

Nyanya aliletewa picha akiwa ameketi kwenye mkeka. Aliitazama kwa muda, akauliza kwa Lukonzo kama ni mtoto wa nani. Tukamwambia ni mume wake. Akasema, "Huyu ameshiba." Kisha akatueleza taratibu, kama mtu anayefundisha watoto, kwamba mume wake katika umri ule alikuwa mwembamba kama mwanzi kwa sababu ya kazi na njaa, mashavu yameingia ndani. Na lile kovu, alisema, alikuwa nalo tayari siku aliyokuja na wazee wake kumposa. Jiwe lilimpiga machimboni alipokuwa bado kijana.

Nimeyafikiria maneno hayo kuliko makala yoyote niliyosoma kuhusu vipodozi vya kidijitali. Programu iliona kovu na ikaliweka pamoja na makunyanzi. Ilidhani kila alama usoni ni uzee, ikazifuta zote, na kwa kufanya hivyo ikakifuta kitu cha ujana. Ikajaza mashavu kwa sababu imefunzwa kwamba kijana ni mtu mwenye mashavu yaliyojaa. Katika nyumba ile alikuwamo mtu mmoja tu aliyemjua babu akiwa na miaka 30, na huyo ndiye asiyemtambua. Sisi tuliotambua ni sisi ambao hatukumjua. Ujana wa babu haukuwa uzee wake uliotolewa makunyanzi. Ulikuwa maisha mengine, yenye njaa yake na jeraha lake.

Hapa ndipo ninapoitenganisha picha ile na The Irishman. De Niro alikuwa na ushahidi: filamu zake za miaka ya 1970 zipo, na yeyote anaweza kuulinganisha uso wa kompyuta na uso uliokuwapo. Alikuwa na mwili wake, ambao ulipinga. Alikuwa na msimulizi ndani ya hadithi. Na juu ya yote alikuwa hai, akakubali. Babu hakuwa na lolote kati ya hayo.

Suala la kukubali si dogo. Mwaka 2016, katika Rogue One, uso wa Peter Cushing, aliyefariki mwaka 1994, uliwekwa juu ya uigizaji wa Guy Henry. Warithi wake waliridhia, lakini watazamaji wengi hawakutulia. Waigizaji wa Marekani walipogoma mwaka 2023, kwa siku 118, mojawapo ya madai yao lilikuwa kwamba nakala ya kidijitali ya mtu isitengenezwe wala kutumiwa bila ridhaa yake na bila malipo. Waliogopa kwamba uso wa mtu utafanya kazi yeye mwenyewe akiwa nyumbani, au kaburini.

Haifai tuseme kwamba kuufunika uso ni kumdhulumu mwigizaji siku zote. Lupita Nyong'o, baada ya kupata Oscar kwa 12 Years a Slave, alikubali kuwa Maz Kanata katika Star Wars ya mwaka 2015, kiumbe kidogo chenye umri unaozidi miaka 1000, ambacho hakina hata kipande cha ngozi yake. Wako waliolalamika kwamba mwanamke mweusi amefichwa. Yeye alieleza kwamba baada ya filamu iliyohusu sana mwili wake, aliona uhuru katika kuigiza mahali ambapo mwili wake haukuwa suala. Huo ni uamuzi wa msanii aliye hai, na ninauheshimu. Alikuja pia Uganda kuwa Harriet katika Queen of Katwe ya Mira Nair. (Hapa kwetu wilayani Kasese, tukisikia Katwe tunafikiria kwanza ziwa la chumvi, ile ya filamu ni ya Kampala.) Filamu hiyo inamalizika kwa namna ninayoipenda: waigizaji wanasimama kando ya watu halisi waliowaigiza. Lupita hafanani na Harriet, na filamu haioni haya kutuonyesha. Inatuambia kwamba huyu aliigiza, na huyu aliishi.

Najua hoja inayoweza kuletwa dhidi yangu. Teknolojia inaendelea, na bila shaka magoti nayo yatashughulikiwa. Katika Gemini Man, ya mwaka huohuo wa 2019, Will Smith kijana alijengwa mwili na uso kwa kompyuta. Lakini kasoro ninayoizungumzia si ya magoti peke yake. Hata programu ikijifunza kuruka na kupiga teke, bado itakuwa inakisia, na itakisia kutoka nyuso ambazo imeonyeshwa. Sidhani kama imeonyeshwa wachimbaji wengi wa Kilembe.

Picha ya studio bado iko ukutani kwetu Bwera, kwa sababu binamu yangu aliilipia na hakuna aliyetaka kumvunja moyo. Nyanya ameomba ile ndogo ya zamani, yenye kovu, ichomekwe kwenye kona ya fremu, mbele ya kioo. Wageni wakiingia huitazama ile kubwa kwanza na kuisifu. Kisha huinama kuiangalia ndogo, na huuliza jeraha lile lilitokana na nini. Hapo nyanya huanza kusimulia.