Lafudhi na Uchungu katika Michezo ya Vijana ya Televisheni

Mchezo wa Shuga, ulioanza kuonyeshwa mwaka 2009, unastahili sifa kwa kuyataja waziwazi mapenzi na UKIMWI miongoni mwa vijana wa Nairobi. Hata hivyo, dhamira haitengani na lugha iibebayo. Ayira, mhusika aliyeigizwa na Lupita Nyong'o, na wenzake hutoa siri zao kwa Kiingereza kilichochanganywa na Sheng. Lafudhi ya magharibi mwa Kenya imepewa kazi nyingine: katika Papa Shirandula, mchezo wa marehemu Charles Bukeko (aliyefariki mwaka 2020), ni chombo cha kuchekesha.

Basi kijana wa Bungoma azungumzaye Lubukusu, au wa Kitale, wanakokutana Wabukusu, Wasabaoti na Wapokoti, huisikia sauti yake ikichekesha. Ni nadra aisikie ikieleza uchungu. Akipatwa na huzuni nzito au uraibu wa chang'aa, huenda akadhani kuwa maradhi hayo ni ya mjini, na kwamba akisema atachekwa. Si lazima kila mhusika aseme lugha ya mama. Bali lafudhi hiyo nayo ipewe nafasi ya kulia.